Ngazi Iliyohamishwa Ijumaa

Ban Kham Pla, tarehe 3 Juni

Mpwa wangu Kop,

Mjomba wako bado anapumua, tumbo lake bado linamtangulia mlangoni, na nywele zilizobaki kichwani alizihesabu juzi kwa kukosa kazi. Kwa hiyo huku usiwe na wasiwasi. Wasiwasi wote unatoka huku kwenda huko, ndiyo maana nimenunua karatasi.

Mama yako anakusalimu. Nilimwambia akuandikie mwenyewe, akasema mkono unamtetemeka. Nikamletea shati langu la kufua, mkono ukatulia mara moja. Anakula kidogo, lakini anakula. Mvua za kwanza zimenyesha na wajina wako wanapiga kelele mashambani kucha kutwa. Ulipozaliwa ulikuwa na macho makubwa na miguu mirefu, mimi ndiye niliyesema, "Huyu ni kop, ni chura," jina likakuganda. Nisamehe na hilo pia.

Nimeambiwa kila barua inasomwa na afande kabla ya kukufikia. Basi afande, habari za kazi? Na wewe nakusalimu, na kama una paa linalovuja, mimi ni seremala.

Kuhusu kifo cha marehemu Bibi Pheng, tusiandike mengi. Wewe kaa vizuri, waheshimu wakubwa wa humo ndani, na tarehe 14 Novemba utakapoulizwa mahakamani kama unakiri, jibu kama tulivyosema siku ile kituoni. Mtu akikiri hukatiwa nusu. Badala ya kifo, maisha. Na maisha nayo hupunguzwa kwa misamaha, kidogo kidogo, mpaka mtu anatoka akiwa bado na meno. Akikana akashindwa, hakuna nusu.

Kula. Lala.

Mjomba wako,
Thongbai


Gerezani, tarehe 21 Juni

Mjomba,

Barua yako imechukua siku kumi na tatu. Karatasi yetu ina mistari kumi na mitano na hairuhusiwi kuongeza, kwa hiyo naandika herufi za sisimizi. Vaa miwani. Mwambie mama mimi mzima, tuko watu arobaini na mmoja chumbani, mmoja akigeuka ubavu wote tunageuka. Wali tunapata, si wa kunata lakini ni wali. Afande alicheka habari ya paa.

Nina swali moja tu. Jumatatu ile nilikwenda kutengeneza pampu ya Bibi Pheng chini ya nyumba yake, kati ya nguzo. Nilipomaliza nilirudi nyumbani nikipita mbele ya karakana yako. Uliniona? Ilikuwa saa ngapi? Nilikuwa nimeshika nini? Uso wangu ulikuwaje? Nijibu kwa urefu, wewe hukukatiwa mistari.

Kop


Ban Kham Pla, tarehe 12 Julai

Chura wangu,

Salamu kutoka kwa kila mwenye miguu hapa nyumbani. Tumeshapandikiza mpunga. Nilijitia kusaidia, nikachomeka miche yangu mistari iliyopinda kiasi kwamba mama yako alisema bata watapotea njia. Mgongo umegoma. Wasichana walinibeba kunitoa topeni, wanne kwa idadi, na mmoja akauliza kama ninauzwa kwa kilo.

Pampu zinaharibika na hakuna wa kuzitengeneza. Watu wanasema, "Laiti Kop..." halafu wanatazama miguu yao.

Lile bwawa walilolikausha mwezi wa tano wakitafuta mkufu wa dhahabu wa marehemu limejaa tena. Unakumbuka wewe ulisema, au walisema ulisema, kwamba uliutupa mle. Walipata konokono ndoo tatu na kiatu changu kilichopotea mwaka juzi. Mkufu hawakuupata.

Ulikuwa na swali. Mwanangu, saa yangu ilisimama siku nyingi, na Jumatatu zote zinafanana. Usijichoshe na mambo hayo. Wewe shika lile tulilosema.

Mama yako anakutumia dawa ya fangasi. Wameikataa mlangoni, lakini amekutumia.

Mjomba wako


Gerezani, tarehe 4 Agosti

Mjomba,

Nisalimie wote. Hukunijibu.

Nitakuambia kwa nini nauliza. Kituoni walinikalisha kwenye benchi tangu Jumanne hadi Jumapili, kila nikifumba macho wananigonga kisigino. Walinisomea jinsi nilivyofanya. Mara ya ishirini nikaanza kuyaona. Sasa nikisinzia tu naona: napanda ngazi, yeye amenipa mgongo, anafuma, uzi wa buluu. Naona hadi uzi! Sijui kama nauona kwa kuwa nilikuwepo au kwa kuwa nimesomewa.

Bado nilikuwa nikisema si mimi. Kisha ukaingia wewe. Ukanishika goti ukasema, "Saini, mwanangu, yaishe." Hukuniuliza kama nilifanya. Nikasema moyoni, basi Mjomba anajua kitu nisichokijua mimi. Ndipo nikasaini.

Mjomba, unajua nini?

Kop


Gerezani, tarehe 11 Septemba

Mjomba,

Huenda barua ilipotea. Huenda unaumwa. Mama alikuja kunitazama, nilimuuliza habari zako, akasema unapiga randa mbao ambayo haina mwenyewe.

Bado miezi miwili. Wenzangu wote wananiambia nikiri, na wananiambia kwa upendo. Hata mimi naona nikiri. Labda ni mimi.

Mistari iliyobaki naiacha wazi. Afande asiipake wino, hakuna kitu.

Kop


Ban Kham Pla, tarehe 27 Septemba
Kwa mkono wa Wakili Kanlaya

Kop,

Barua hii haijapita kwa afande. Wakili Kanlaya, huyu binti mwembamba mwenye mkoba mkubwa kumzidi, ndiye aliyepewa kesi yako na mahakama, na anaruhusiwa kukuletea karatasi za kesi. Hii ni karatasi ya kesi. Isome ukiwa umekaa.

Mimi mzima. Mama yako mzima. Salamu zimekwisha.

Barua yako ya Agosti haikupotea. Niliiweka ndani ya sanduku la patasi, na kila nilipotaka patasi nilichukua nyundo. Nimeharibu kazi za watu watatu kwa sababu hiyo. Mbao aliyokwambia mama yako ilikuwa nene kama kiganja. Sasa ni nyembamba, unaweza kusoma gazeti lililo nyuma yake.

Uliniuliza ninajua nini. Sijui kitu. Sikujua kitu siku ile pia. Jumapili ile walinifuata kwa gari, wakanipa kiti chenye mto na kikombe cha maziwa ya moto. Afisa kutoka mkoani, mpole kama mkwe mpya, aliniambia, "Mzee, ushahidi upo. Akikana, kifo. Akikiri, nusu. Anakusikiliza wewe tu." Nikayanywa maziwa yote. Kisha nikaja kukushika goti.

Nimekaa miezi minne nikijiuliza kwa nini sikukuuliza kama ulifanya. Ni kwa sababu niliogopa jibu. Ungesema ndiyo, ningekufa palepale. Ungesema hapana, ingebidi nisimame nibishane na watu wenye bunduki viunoni na mito kwenye viti. Kop, mimi huogopa hata kumwambia muuza misumari kwamba amenipa iliyopinda. Sikukuambia usaini kwa kuwa nilijua. Nilikuambia kwa kuwa nilikuwa naogopa. Na wewe ukaokota woga wangu ukadhani ni ushahidi.

Na Jumatatu ile sikukuona ukipita. Sikuwa napiga randa. Nilikuwa nimelala juu ya mbao, mdomo wazi. Ningekuwa mchapakazi kidogo tu, leo ungekuwa na shahidi.

Sasa sikiliza. Juzi Wakili Kanlaya alikuja karakana, akaketi juu ya gogo, akanisomea maelezo yako ya kukiri. Mimi sikuwahi kuyasoma, nilikuwa nikiziba masikio kila yanapotajwa. Akasoma: "Nilipanda ngazi iliyo upande wa barabara. Toka ngazini nilimwona marehemu amekaa kwenye kitanda chake cha kufumia, amenipa mgongo."

Nikamwambia, "Rudia, binti."

Akarudia.

Nikamwambia, "Upande wa barabara hakukuwa na ngazi."

Akasema, "Mzee, nimetoka huko sasa hivi. Ngazi ipo upande wa barabara."

"Ipo sasa," nikamwambia. "Niliijenga mimi."

Bibi Pheng aliuawa Jumatatu. Wewe ukachukuliwa Jumanne. Alhamisi tukauchoma mwili wake, kama desturi. Binti yake, Lamduan, akaniita jioni ile ile: mama kafa kifo cha kuuawa, mzimu wake utarudi kwa njia aliyoizoea, nihamishe ngazi usiipate. Kila mtu hapa angefanya vivyo hivyo. Ijumaa nikaing'oa upande wa shambani ilikokuwa tangu nyumba ijengwe, nikakata ukingo wa baraza upande wa barabara, nikaisimamisha pale. Watu kumi na mmoja walinishikia. Wewe ulikuwa kwenye benchi lako mjini. Jumamosi ndipo wale wa mkoani walipofika kijijini kwa mara ya kwanza. Waliona ngazi. Waliiona upande wa barabara. Jumapili ikawa kinywani mwako.

Kop, hukupanda ngazi ile. Hakuna aliyeipanda Jumatatu. Haikuwepo. Hicho unachokiona ukisinzia ni nyumba ya Ijumaa, na wewe nyumba ya Ijumaa hukuwahi kuiona mpaka walipokuleta Jumatatu ya pili uigize kosa mbele ya watu. Nilikuwepo. Watu wanakuzomea, wengine wamevua ndala. Afande akasema, "Onyesha ulivyopanda." Ukaanza kwenda nyuma, upande wa shambani. Mkono ukakushika bega, ukakugeuza. Sote tuliona. Sote tukasema, masikini, hajui ngazi imehamishwa. Na hatukuendelea kufikiri hapo tulipofikia. Tulikwenda kula.

Wakili anasema tunaweza kukana. Anasema pia nikuambie wazi: tukikana tukashindwa, hakuna nusu. Safari hii sikushiki goti. Nakuuliza, kama nilivyopaswa kukuuliza: ulifanya?

Mjomba wako


Gerezani, tarehe 15 Oktoba
Kwa mkono wa Wakili Kanlaya

Mjomba,

Nimesoma barua yako mara nyingi, wakili amenikopesha karatasi isiyo na mistari na sasa sijui niandike ukubwa gani.

Kwanza nilikasirika. Nilikaa siku mbili bila kula, nikikuona na kikombe chako cha maziwa. Nakuandikia hili ili ujue, halafu tuendelee.

Siku ya tatu nikafumba macho nikapanda ngazi kama kawaida, nikasimama katikati. Nikajiambia, hebu geuka utazame barabara. Sikuweza. Hakuna barabara pale. Nilipojaribu kukumbuka upande ule kwa Jumatatu yenyewe, niliona ukingo, na vile vikopo vya maua alivyovipanga Bibi Pheng, kimoja kimetoboka, maji yananidondokea shingoni nikiwa chini kwenye pampu. Nilipiga kelele, "Bibi, unaniogesha!" Yeye juu akacheka, akasema, "Nawe ulihitaji." Hayo hakuna aliyenisomea. Hayo ni yangu.

Halafu yaliyobaki yakaja yenyewe. Nilinawa mikono. Bibi alinirushia ndizi mbili toka juu. Nilikula moja, nyingine nikampa mama. Muulize mama.

Sikufanya, Mjomba.

Nimeliandika neno hilo na naogopa zaidi ya siku niliyosaini. Zamani nilikuwa naogopa kwamba ni mimi. Sasa naogopa watu watatu watakaoketi pale mbele na karatasi. Mzee mmoja humu, aliyekana akashindwa, miguu yake ina minyororo iliyopigwa nyundo ikafungwa, haifunguliwi hata akioga. Ananiambia, "Kijana, ukweli haukupunguzii hata siku moja." Ananiambia kila siku baada ya uji.

Wewe ungefanya nini? Usinijibu. Nishaamua, nataka tu ujue naogopa.

Kop


Ban Kham Pla, tarehe 6 Novemba
Kwa mkono wa Wakili Kanlaya

Chura,

Mama yako anasema ndizi ilikuwa na doa jeusi upande mmoja na aliikata. Tangu nimwulize amekuwa akimsimulia kila anayepita habari ya ile ndizi, hata muuza barafu. Mkono hautetemeki tena.

Tumeanza kuvuna. Nimekatazwa kukaribia shamba.

Nimewapitia wale kumi na mmoja walionishikia ngazi. Nilidhani ni kazi ya asubuhi moja. Mmoja alisema alishika kweli, ila hakumbuki kama ilikuwa Ijumaa au wiki nyingine. Mmoja alisema ana mtoto anaomba kazi serikalini. Mmoja alinipa saladi ya papai yenye pilipili kumi, nikala nikilia, nilipomaliza akasema, "Mjomba Thongbai, si unaona unavyolia kwa pilipili tu? Huko mahakamani utaweza?" Akanifungia mlango kwa adabu. Wengine walinywea kama konokono.

Kwa Lamduan nilienda mwisho. Alisimama juu ya ngazi yangu mwenyewe. Sikupandishwa.

"Kaka Thongbai, umekuja kuniomba nini?"

"Siku tu, Lamduan. Useme siku ngazi ilipohamishwa."

"Aliyemuua mama alikiri. Amesaini. Unataka nimfungulie mlango?"

"Nataka useme ilikuwa Ijumaa."

"Nenda nyumbani," akasema. "Kabla sijakumwagia maji."

Njiani nikamkuta yule afisa mpole wa mkoani, gari limesimama kivulini. Sijui alikuwa na kazi gani kijijini kwetu. Akateremsha kioo, akaniuliza hali ya mgongo wangu. Kop, mgongo wangu uliumia mwezi wa saba. Nani alimwambia?

Nilimjibu mgongo ni mzima, afande, asante. Nilitembea hadi nyumbani bila kugeuka. Kufika nikagundua nimeacha ndala moja njiani.

Tarehe 14 nitakuwepo. Wakili anasema nivae shati lenye kola.

Mjomba wako


Gerezani, tarehe 23 Desemba

Mjomba,

Karatasi ni ile ya mistari kumi na mitano, basi nitakuwa mfupi. Mama anasema tangu hukumu hutoki nje. Toka.

Umeniuliza kupitia kwake kama ulizungumza vizuri mahakamani. Shati ulifunga vifungo vibaya, upande mmoja ulifika sikioni. Mwendesha mashtaka alipokuuliza, "Wewe ndiye uliyemshauri akiri, basi ulijua ana hatia?" ukasema, "Hapana, mheshimiwa. Nilijua mimi ni mwoga." Hata karani aliacha kuandika. Wamesema shahidi ni ndugu na hakuna mwingine kijijini aliyethibitisha. Ni kifo, bila nusu. Umesikia.

Walinipigilia minyororo jana. Ni mizito lakini unajifunza kuishika kwa kamba. Rufaa mwisho tarehe 20 Januari.

Nikisinzia siku hizi sipandi popote. Mchana nikiwa macho ndipo naogopa, kila mlango ukifunguliwa.

Kop


Ban Kham Pla, tarehe 10 Januari
Kwa mkono wa Wakili Kanlaya

Mpwa wangu,

Nimetoka nje, kama ulivyoamuru. Nimefika hadi karakana. Mama yako anakusalimu, amekufumia soksi ndefu za kuvaa chini ya chuma. Wakili ameahidi kuziingiza hata kwa kuzivaa yeye.

Nakuandikia mbio kwa sababu wakili anasubiri, amesimama mlangoni, anatazama saa na kunitazama mimi.

Leo asubuhi nilikuwa nikinoa msumeno nikaona kivuli. Lamduan. Hajaingia karakana hii tangu mwezi wa tano. Nikasimama, kichwa kikagonga rafu, debe la misumari likaniangukia. Hakucheka. Akangoja nimalize kuokota.

"Ngazi ulihamisha lini?" akauliza.

"Wewe unajua."

"Najua. Nilikupikia samaki wa kuchachusha, ukala sahani tatu. Nataka unijibu wewe."

"Ijumaa."

Akaketi juu ya gogo alipoketi wakili. Akaniambia kwamba miezi yote hii hakuwahi kuyasikiliza yale maelezo. Yakisomwa, alikuwa akijihesabia vidole. Siku ya hukumu vidole viliisha. Alikaa mstari wa mbele, akamsikia hakimu akisoma neno kwa neno: muuaji alipanda akamkuta marehemu amempa mgongo.

"Mama hakuwahi kumpa mgongo mtu anayepanda," akasema. "Alikiweka kitanda cha kufumia pale makusudi. Kila anayekuja amwone uso. Alikuwa mbea, mama yangu, wewe unajua. Alitaka awe wa kwanza kujua nani kaja."

"Ndiyo," nikasema. "Ngazi ikiwa shambani."

"Ngazi ikiwa shambani. Kwa hiyo huyo mtu alipanda mama akimtazama. Hatua zote tisa. Na jirani yangu wa upande ule, mwenye masikio ya popo, hakusikia hata kikohozi. Mama hakupiga kelele, Kaka Thongbai. Alimkaribisha."

Nikauona msumari mmoja uliobaki chini, nikauokota.

"Unajua kwa nini sikutaka kusikia?" akasema. "Kop akiwa ndani, mimi nilikuwa nafungua madirisha. Nilikuwa naacha mlango wazi nikienda kisimani. Muuaji yuko mjini, amefungwa. Sote tulikuwa tunaishi hivyo, usidhani ni mimi tu. Wale kumi na mmoja wako, unafikiri wamesahau siku? Kama si Kop, nani? Nani aliyekaa msibani kwangu siku tatu, akala wali wangu, akanishika mkono akaniambia pole?"

Nikamwambia sijui.

"Wala mimi. Nimekaa wiki tatu nawapitisha kichwani, mmoja mmoja, kila aliyenishika mkono. Sasa hata pole ya mchunga ng'ombe siiamini." Kisha akauliza, "Huyo binti wa mkoba yuko wapi?"

Wakili Kanlaya alifika saa tatu. Akaandika, Lamduan akasema. Alisema siku aliyoniita, siku niliyohamisha, mahali kitanda kilipokuwa, na mama yake alikuwa akitazama wapi. Wakili akamwuliza kama anataka kuongeza kwamba anaamini Kop hana hatia. Akasema, "Mimi sikuwepo. Siwezi kusema nani hakufanya. Andika Ijumaa." Akaweka dole gumba, kisha jina, kisha dole gumba tena pembeni ya jina, asije mtu akasema si yeye. Wawili kati ya wale kumi na mmoja ameahidi kuwaleta mwenyewe kwa kuwavuta masikio. Yote yataingia kwenye rufaa wiki hii.

Sitakuambia utatoka. Nilishakuambia mambo mengi kwa kukutuliza, na unaona yalikokufikisha. Wakili anasema inaweza kuchukua miaka miwili. Anasema pia hajawahi kuwa na karatasi nzuri kama hii mkononi. Vyote viwili amevisema kwa uso uleule, hana uso mwingine.

Yule afisa mpole atajua leo hii, kama alivyojua mgongo wangu. Nimewaza hilo. Nimesaini chini ya Lamduan.

Tulipomaliza, Lamduan alisimama mlangoni pa karakana, hakutoka. Ilikuwa saa nne asubuhi, jua kali, barabara imejaa watu wanaorudi kutoka sokoni. Nyumba yake unaiona toka hapa. Akavuta kitambaa chake akakikaza kiunoni.

"Kaka Thongbai," akasema, bila kunitazama, "nisindikize."

Nikavaa ndala. Tukatembea katikati ya barabara, taratibu, mimi na tumbo langu mbele. Kila tuliyekutana naye alitusalimia, akauliza tumekula nini. Nasi tulimjibu kila mmoja, na kumtazama usoni.

Mjomba wako,
Thongbai